Bei ya Kipande, Kodi ya Fremu: Namna ya Kupima Mfuko wa Majengo ya Maduka

Mhadhara kwa wanaushirika na wananchi, Kishanda, Wilaya ya Muleba



Nimepewa swali moja. Mtu ana akiba yake, iwe ya kahawa, ya mshahara au ya kiinua mgongo. Anaambiwa kuna mfuko unaomiliki jengo kubwa la maduka mjini. Mfuko umegawanywa vipande, na vipande vinauzwa kwenye soko la hisa. Akinunua atakuwa mmoja wa wenye jengo, na kila mwaka atapata gawio linalotokana na kodi za wapangaji. Bei anatajiwa. Atajuaje kama ni bei ya haki?

Msimamo wangu nautaja mapema ili mnihoji vizuri. Kila bei ya kipande ina madai ndani yake kuhusu kodi ya kesho: itakuwa kiasi gani, itapanda kwa kasi gani, nani ataigusa kabla yako. Kabla ya kusema bei ni ghali au rahisi, inabidi uyatoe madai hayo nje uyaangalie. Na hesabu ya kuyatoa haizidi kugawanya kwa kalamu. Nitaionyesha kwa mfuko uliokuwepo kweli, jirani yetu Nairobi, kisha turudi Tanzania.

Kinachonunuliwa

Mfuko wa majengo ni chombo cha kisheria. Wananchi wanachanga fedha, mdhamini anashika hati za mali kwa niaba yao, meneja anaendesha majengo na kukusanya kodi, na sehemu kubwa ya faida inagawiwa wenye vipande. Marekani waliuweka utaratibu huu katika sheria mwaka 1960. Tanzania tulitunga kanuni zetu mwaka 2011 chini ya Mamlaka ya Masoko ya Mitaji na Dhamana, na mfuko wa kwanza ukawa ule wa Watumishi Housing, uliolenga nyumba za watumishi wa umma. Kenya ilitunga zake mwaka 2013, na zinautaka mfuko wa majengo ya kupangisha ugawe angalau asilimia 80 ya mapato halisi ya mwaka.

Wengi wenu mna vipande vya UTT, kwa hiyo tofauti moja lazima ieleweke. Ukitaka kutoka Mfuko wa Umoja wa UTT, unamrudishia meneja kipande chako, naye anakulipa kulingana na thamani halisi ya kipande. Anaweza, kwa sababu mali za mfuko ni hisa, hatifungani na amana, vitu vinavyogeuka fedha. Jengo haligeuki hivyo. Meneja wa mfuko wa majengo hawezi kubomoa ukuta mmoja akauuza ili akulipe wewe uliyepata msiba. Ukitaka kutoka, unapitia kwa dalali wa soko la hisa, naye anatafuta mtu mwingine wa kushika nafasi yako. Bei mtakayokubaliana inaweza kuwa mbali sana na ile iliyoandikwa vitabuni. Hapo ndipo swali letu linapozaliwa.

Sasa niseme jambo mnalolijua kuliko mimi. Butura. Mkulima ana shida ya ada au matibabu, kahawa bado maua mtini. Mwenye fedha anakuja, anampa kidogo leo ili achukue mavuno msimu ukifika. Serikali imeipiga vita kwa miaka, na imefanya vyema, kwa sababu bei yake ni ya kunyonya. Lakini tuichambue hesabu iliyomo ndani. Mnunuzi wa butura anakata bei kwa sababu nne: atasubiri miezi, mvua inaweza kugoma, bei ya kahawa inaweza kushuka, na muuzaji amebanwa hana pa kukimbilia. Sababu tatu za kwanza ni hesabu halali ya kila anayenunua mapato ya kesho. Ya nne ndiyo unyonyaji.

Mnunuzi wa kipande cha mfuko wa majengo naye ananunua mavuno yaliyo bado mtini. Ila mambo yamegeuka: kwenye butura mwenye kujua hesabu ni mnunuzi, na kwenye uzinduzi wa vipande mwenye kujua hesabu ni muuzaji. Wewe mwenye akiba ndiye unayeingia gizani. Ndiyo maana lazima ujifunze kukata zile sababu tatu mwenyewe, kwa sababu kitabu chake chenye picha za jengo hakitakukatia.

Fahari ya Nairobi

Novemba 2015, Soko la Hisa la Nairobi liliorodhesha mfuko wa kwanza wa majengo ya kupangisha nchini Kenya. Uliitwa Fahari, ukiendeshwa na kampuni ya Stanlib, na baadaye ukawa chini ya ICEA LION. Kipande kiliuzwa kwa shilingi 20 za Kenya. Waliazimia kukusanya shilingi bilioni 12.5. Wakapata bilioni 3.6, kwa vipande takriban milioni 181. Kwa fedha hizo wakanunua Greenspan Mall iliyoko Donholm, jengo lililobeba sehemu kubwa ya thamani ya mfuko, pamoja na majengo mengine madogo ya ofisi na viwanda. Baadaye wakaongeza jengo la ofisi Lavington.

Kupata bilioni 3.6 badala ya 12.5 kulikuwa jeraha la mwanzo, na watu wengi walilipita bila kulitazama. Mfuko una mdhamini, meneja, wakaguzi, watathmini, ada za soko na ada za mamlaka. Gharama hizi hazipungui kwa zaidi ya theluthi mbili eti kwa sababu fedha zilizopatikana zimepungua kwa kiasi hicho. Mfuko mdogo unabeba mzigo wa mfuko mkubwa, na mzigo huo unalipwa kutoka kwenye kodi kabla ya senti moja kukufikia.

Bei ya kipande ilianza kushuka mapema, ikapita shilingi 10, na mwaka 2023 ilikuwa ikizunguka shilingi 6. Wakati wote huo vitabu vya mfuko viliendelea kuonyesha kwamba mali, baada ya kutoa madeni, ina thamani ya zaidi ya shilingi 15 kwa kipande. Kwa hiyo jengo lile lile lilikuwa na bei mbili: ya mtathmini na ya soko. Nairobi waligawanyika. Wapo waliosema soko limelala, kipande cha 15 kinauzwa 6, nunueni. Wapo waliosema watathmini wanaota.

Mwisho wa 2023 meneja aliwapa wawekezaji wadogo nafasi ya kuuza kwa shilingi 11. Februari 2024 mfuko uliondolewa kwenye orodha ya kawaida ya soko, ukahamia jukwaa la wawekezaji wakubwa.

Tuna bei nne mezani: 20, zaidi ya 15, 6 na 11. Ipi ilikuwa ya haki?

Hesabu

Tuanze na fremu ya duka, kila mtu hapa anaijua. Chukua mfano wa kubuni: fremu Bukoba mjini inayopangishwa kwa shilingi 200,000 kwa mwezi. Kwa mwaka ni milioni 2.4. Toa mwezi mmoja au miwili ya kukaa tupu, toa matengenezo, toa kodi za serikali. Tuseme inabaki milioni 1.8. Mwenye fremu anataka milioni 40. Gawanya: 1.8 kwa 40 ni asilimia 4.5 kwa mwaka.

Sasa mtu huyo huyo angeweza kwenda Benki Kuu, kupitia benki yake, akanunua hatifungani ya serikali ya miaka 25. Mwaka 2021 hatifungani hiyo ilikuwa na riba ya asilimia 15.95. Mwaka 2022 ikashushwa hadi 12.56. Hata hiyo ya 12.56 inazidi fremu karibu mara tatu, haina mpangaji anayetoroka usiku na haihitaji bati jipya.

Je, mwenye fremu ni mwongo? Hapana, kwa sababu kitu kimoja hatujakiingiza. Riba ya hatifungani haipandi. Kodi ya fremu inaweza kupanda. Ikiwa unataka asilimia 12 kwa fedha yako, na unaamini kodi itapanda asilimia 5 kila mwaka, basi utaridhika kuanza na asilimia 7, kwa kuwa kupanda kutafidia pengo. Gawanya milioni 1.8 kwa asilimia 7: unapata kama milioni 25.7. Ukiamini kodi haitapanda kabisa, gawanya kwa asilimia 12: milioni 15. Fremu ni ile ile, imani ya kodi imebadilika, na bei imeruka kwa milioni 10 na zaidi. Anayedai 40 anakuambia, bila kusema, kwamba kodi itapanda asilimia 7.5 kila mwaka, mwaka baada ya mwaka, bila kuchoka.

Tuipeleke hesabu hiyo Nairobi. Katika miaka yake mizuri, 2017 na 2018, Fahari iligawa senti 75 kwa kipande. Hatifungani za muda mrefu za serikali ya Kenya zilikuwa zikilipa kati ya asilimia 12 na 13. Tuseme mwekezaji anataka 13, na hapo hata sijamwongezea chochote kwa hatari ya maduka.

Kwa bei ya shilingi 20, senti 75 ni asilimia 3.75. Ili afike 13, gawio linatakiwa lipande kwa asilimia 9.25 kila mwaka, milele. Hayo ndiyo madai yaliyokuwa ndani ya bei ya 20.

Kwa bei ya shilingi 6, senti 75 ni asilimia 12.5. Madai hapa ni kwamba kodi karibu haitapanda kabisa.

Kwa bei ya shilingi 11, anaanza na asilimia 6.8. Madai yake: gawio litapanda kama asilimia 6 kwa mwaka.

Tazameni jinsi ugomvi wote ule, uliojaza kurasa za biashara kwa miaka, unavyogeuka swali moja: kodi za Greenspan zitapanda kwa asilimia ngapi? Sifuri, sita au tisa? Na hilo ni swali ambalo mama anayeuza vitenge sokoni Bukoba anaweza kulijadili, kwa sababu analijua soko la fremu kuliko mchambuzi aliyeko ghorofa ya kumi.

Jibu la historia lilikuwa wazi. Gawio halikupanda. Mwaka 2022 lilikuwa senti 65, chini ya lilivyokuwa miaka minne nyuma, huku bei za bidhaa zikiwa zimepanda. Bei ya 20 ilikuwa ghali tangu siku ya kwanza, na mtu aliyegawanya 0.75 kwa 20 alikuwa na kila sababu ya kukataa.

Mpangaji mkuu

Kwa nini kodi haikupanda? Hapa tunaingia ndani ya jengo.

Jengo la maduka lina mpangaji mkuu, kwa kawaida supamaketi, na wapangaji wadogo: duka la viatu, la simu, la dawa, la kuku wa kukaanga. Mpangaji mkuu anachukua eneo kubwa kwa kodi ndogo kwa kila mita ya mraba, kwa sababu yeye ndiye anayevuta watu. Wapangaji wadogo wanalipa zaidi kwa kila mita, kwa sababu wanaokota wateja wanaopita kwenda kwake. Akiondoka, hasara haiishii kwenye nafasi yake. Fremu zote zinapoa, na mikataba ikiisha wanakuja kuomba punguzo.

Kenya iliona hayo kwa macho yake. Nakumatt, iliyokuwa supamaketi kubwa kuliko zote, iliwekwa chini ya msimamizi Januari 2018 ikiwa imezama kwenye madeni. Supamaketi ya Uchumi ilikuwa imeanza kuyumba kabla yake. Tuskys ikafuata, na ndiyo iliyokuwa mpangaji mkuu wa Greenspan. Nafasi yake ilichukuliwa na Naivas, na hiyo ilikuwa kazi nzuri ya meneja. Lakini mpangaji mkuu anayeingia kwenye jengo lililoachwa wazi anakuja na nguvu ya kutaja masharti.

Dar es Salaam nako ni hivyo hivyo. Mlimani City ilifunguliwa mwaka 2006 ikiwa na Shoprite na Game, wote wa Afrika Kusini. Mwaka 2014 Shoprite iliuza maduka yake ya Tanzania kwa Nakumatt. Nakumatt ikaanguka. Mwaka 2022 Game nayo ikafunga Tanzania. Jengo lipo, magari yamejaa uwanjani, watu wanakwenda. Lakini kila mpangaji mkuu anapobadilika kuna miezi ya nafasi tupu, kuna fedha za kukarabati, kuna kodi mpya ya kujadili, na kuna gawio linalopungua kimyakimya.

Kwa hiyo ukipewa taarifa ya mfuko, kabla ya kusoma faida tafuta mambo haya: mpangaji mkuu ni nani, mkataba wake unaisha mwaka gani, na analipa asilimia ngapi ya kodi yote. Ukikuta asilimia 40 ya kodi inatoka kwa mtu mmoja ambaye mkataba wake unaisha miaka miwili ijayo, basi umenunua mazungumzo na mtu huyo, na bei yako inatakiwa ionyeshe hivyo.

Ardhi na sheria

Mlimani City ina somo jingine. Iko kwenye ardhi ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mmiliki wa jengo ni Mlimani Holdings, kampuni tanzu ya Turnstar Holdings, na Turnstar imeorodheshwa kwenye soko la hisa la Botswana.

Mwenye hisa za Turnstar, kwa upande wa Mlimani, anamiliki haki ya kutumia ardhi ya mtu mwingine kwa muda uliowekwa, kwa masharti ya kugawana mapato na chuo. Masharti hayo yamewahi kuwa hoja ya wakaguzi na wabunge wetu. Kila mwaka unaopita, muda unapungua. Jengo la kukodi ardhi haliwezi kupigiwa hesabu ya milele kama nilivyofanya kwenye fremu. Lazima uhesabu miaka iliyobaki, na ujiulize nini kitatokea ikiisha.

Kisha sheria. Kodi za majengo makubwa ya Dar es Salaam zilizoeleka kutajwa kwa dola, na wawekezaji walilipenda hilo kwa kuwa liliwakinga shilingi inaposhuka. Machi 2025 zikatoka kanuni zinazokataza kutoza bei za bidhaa na huduma ndani ya nchi kwa fedha za kigeni. Ukuta haujahama, mpangaji ni yule yule, na kinga moja imepungua.

Watu wa huku hatuna sababu ya kushangaa. Historia yetu ya nyarubanja ni historia ya mapato ya ardhi yaliyofutwa kwa kalamu. Kwa vizazi, mwenye nyarubanja alipokea ujira kutoka kwa waliokaa kwenye vibanja vyake, na aliuona kama mali isiyokwisha. Sheria ya mwaka 1965 ikawapa waliokuwa wakitozwa haki juu ya vibanja hivyo. Ilikuwa sheria ya haki. Lakini angekuwepo mtu aliyenunua haki ya kupokea ujira ule mwaka 1960 kwa hesabu ya milele, angelia. Kodi ya ardhi inaishi kwa ruhusa ya jamii, na ruhusa hiyo ina bei yake ndani ya hesabu.

Na ardhi yenyewe inatikisika. Tetemeko la tarehe 10 Septemba 2016 liliua watu wetu, likabomoa nyumba na kuharibu shule za Ihungo na Nyakato. Mfuko wenye majengo ishirini katika miji tofauti utaomboleza jengo moja. Mfuko ambao jengo moja ndilo sehemu kubwa ya mali yake unategemea bima, kwa hiyo ombeni kuiona bima yenyewe.

Deni

Fahari haikuanguka, na sababu mojawapo ni kwamba haikuwa na deni kubwa. Mifuko mingi ya duniani inalo, na hapa hesabu inakuwa kali.

Jengo la 100 lililonunuliwa kwa 50 za wenye vipande na 50 za benki: thamani ikishuka kwa 20, benki bado inadai 50 zake. Wenye vipande wamebaki na 30. Jengo limepoteza asilimia 20, wao wamepoteza 40.

Uingereza kulikuwa na kampuni iitwayo Intu, yenye majengo ya maduka makubwa kama Trafford Centre ya Manchester na Lakeside ya Essex. Watu walianza kununua kwa intaneti, maduka makongwe yakafunga, na kwa mwaka 2019 pekee thamani ya majengo yake ilipunguzwa kwa karibu pauni bilioni 2. Deni lilikuwa zaidi ya pauni bilioni 4, na halikupungua pamoja nayo. Kwenye vitabu vya mwisho wa 2019 mali bado ilizidi deni, na hisa iliuzwa kwa sehemu ndogo sana ya thamani ya vitabuni. Waliosema ni bei ya kutupa walinunua. Uviko ulipofunga maduka na wapangaji wakaacha kulipa, kampuni iliingia mikononi mwa wasimamizi Juni 2020. Wenye hisa hawakubakiwa na kitu.

Linganisha na Fahari. Zote mbili ziliuzwa chini sana ya thamani ya vitabuni. Aliyenunua Fahari kwa 6 aliweza kuuza kwa 11, na katikati alipokea magawio. Aliyenunua Intu alipoteza yote. Punguzo peke yake halikuzitofautisha. Deni ndilo lililozitofautisha: Fahari iliweza kungoja, Intu haikuweza.

Vitabu vinasema nini

Nisieleweke kwamba watathmini wa majengo ni watu wa hovyo. Wanafanya kazi yao kwa kanuni, na kanuni zinawataka waulize jengo lingeuzwa kwa bei gani kati ya mnunuzi na muuzaji wasiobanwa. Wanatazama mauzo ya majengo mengine. Nairobi, majengo ya maduka yalikuwa yakibadilishana mikono kwa faida ya kodi iliyo chini ya riba ya hatifungani za serikali, kwa sababu wanunuzi wakubwa waliamini ardhi itapanda. Mtathmini anaandika alichokiona.

Ila thamani hiyo haijatoa ada za meneja za miaka ijayo, wala gharama na kodi za kuuza jengo, wala muda wa kumngoja mnunuzi. Na wewe mwenye vipande mia huna uwezo wa kuamuru jengo liuzwe. Thamani ya vitabuni ni ya mtu mwenye funguo. Ya kwako ni ya mtu mwenye haki ya gawio. Pengo kati ya hizo mbili litazibika pale tu panapokuwa na mtu mwenye nguvu ya kulilazimisha, au meneja anayeamua mwenyewe kununua vipande au kuuza majengo.

Kwa hiyo, nikirudi kwenye zile bei nne. Ishirini ilikuwa ghali. Thamani ya vitabuni ilikuwa sahihi kwa mnunuzi wa jengo zima, na haikuwa yako. Sita ilikuwa bei ya haki kwa mtu aliyeamini kodi haitapanda, na rahisi kidogo kwa mtu aliyeona kwamba mfuko hauna deni kubwa na unaweza kungoja. Kumi na moja, mbele ya gawio la senti 65, ilikuwa asilimia 5.9 tu kwa mwaka. Mwekezaji mdogo aliyenunua kwa sita alifanya vizuri kuchukua 11. Aliyenunua kwa 20 alipokea zaidi kidogo ya nusu ya fedha yake baada ya miaka minane, pamoja na magawio machache.

Kwetu

Soko la Dar es Salaam lilianza biashara Aprili 1998 kwa hisa za kampuni moja, na limekua. Siku itakuja mtaletewa kipande cha jengo la maduka la Dodoma, Mwanza au Dar es Salaam. Vyama vyenu vya akiba vitashawishiwa kwanza, kwa sababu vina fedha ya pamoja. Sisemi mkatae. Kodi inayopanda ni kinga nzuri kwa mzee asiyeweza tena kupalilia kibanja, na hatifungani haina kinga hiyo.

Ila bodi zenu zikubaliane jambo moja sasa, kabla muuzaji hajaja na kalamu za bure. Hakuna kununua kabla hamjapata orodha ya wapangaji wakubwa na miaka ya mikataba yao kuisha, masharti na miaka iliyobaki ya ardhi, jumla ya madeni na tarehe za kuyalipa, na ada zote za meneja kwa shilingi. Mkishapata hayo, mjumbe mmoja achukue gawio linalotarajiwa, agawanye kwa bei, atoe jibu kwenye riba ya hatifungani ya miaka 25 ya wakati huo. Tofauti itakayobaki ni asilimia ambayo kodi inatakiwa kupanda kila mwaka ili bei iwe ya haki.

Iandikeni asilimia hiyo ubaoni, mbele ya wanachama, na muulizane kama kuna fremu yoyote mnayoijua iliyopanda hivyo kwa miaka kumi mfululizo. Ikiwa ipo, jadilini kiasi cha kununua. Ikiwa haipo, mwambieni muuzaji arudi na bei nyingine.

Sasa ni zamu yenu kuuliza.